Mabano Niliyoyasikia Kabla ya Kuyaona

Nilijua kufungua mabano kabla sijawahi kuyaona. Nikiwaambia hivyo wajukuu zangu hutazamana, wakidhani bibi ameanza kuchanganyikiwa, kwa hiyo nieleze tangu mwanzo.

Shule yetu ya kati ilikuwa ya misheni, huku Mbozi, mwendo wa asubuhi nzima kwa miguu kutoka kwetu Iyula. Ilikuwa miaka ya mwisho mwisho ya utawala wa Mwingereza, ingawa wakati ule hakuna aliyetuambia kwamba ni ya mwisho. Wavulana walikuwa wengi. Sisi wasichana tulitosha kwenye benchi moja, na tukisogeana tuliacha nafasi ya vitabu. Asubuhi tulisoma wote pamoja: Biblia, Kiswahili, hesabu za kawaida, na mito ya Uingereza, ambayo nayajua majina yake mpaka leo na sijapata kuvuka hata mmoja. Jua likishapanda tuligawanywa. Wavulana walibaki darasani kusoma aljebra, nasi tukapelekwa chumba cha pili kujifunza kushona, kwa sababu kamati ya shule iliona kwamba mwanamke hatakutana na aljebra popote maishani mwake. Hoja hiyo ilikuwa nzito. Hakuna aliyeuliza wavulana wao wangekutana nayo wapi.

Vyumba hivyo viwili vilitenganishwa na ukuta wa matofali mabichi ulioishia juu kidogo ya kichwa cha mtu mrefu. Kutoka hapo hadi kwenye nyasi za paa palikuwa wazi. Mafundi walisema matofali yaliwaishia. Mchungaji, ambaye ndiye aliyekuwa mwenyekiti wa kamati, alisema iliachwa hivyo makusudi ili hewa ipite. Kama ni hewa, ilipita, na sauti ya mwalimu wa aljebra ikapita pamoja nayo.

Mwalimu huyo alikuwa kijana kutoka milima ya Ileje, Mndali kwa kabila, mwembamba, mwenye kifua kikubwa kuliko mwili wake. Herufi kwake ilikuwa "helufi", na neno "kila" alilitamka kwa nguvu kiasi kwamba tuliokuwa upande wa sindano tulishtuka tukajichoma. Na neno hilo ndilo alilolirudia kuliko yote. "Namba iliyo nje ya mabano," alikuwa akisema, "inamzidisha kila aliye ndani. Kila! Siyo wa kwanza tu." Kisha tulikuwa tukisikia hesabu: tatu, fungua mabano, eksi jumlisha nne, funga mabano. Mvulana alijibu eksi tatu jumlisha nne. Ikafuata fimbo. Mvulana mwingine alijibu eksi tatu jumlisha kumi na mbili, na fimbo ikapumzika.

Aliyetufundisha kushona alikuwa mke wa mwinjilisti, mama mpole aliyeamini kwamba mshono ulionyooka ni dalili ya moyo ulionyooka. Alipoona nimeinua kichwa kuelekea ukutani aliniambia masikio yangu yakae kwenye sindano. Nilijaribu, lakini kitambaa cha mezani hakina la kumwambia mtu, na ule upande wa pili kulikuwa na watu wanapigwa kwa ajili ya kitu nisichokijua. Nilitaka kujua ni kitu gani.

Kwa kuwa sikuona ubao, ilinibidi nijitengenezee picha mwenyewe. Babu yangu mzaa mama alikuwa mhunzi, kwa hiyo mabano niliyaona kama koleo lake la kushikia chuma cha moto, lenye midomo miwili iliyobana kitu katikati. Eksi ilinisumbua zaidi. Mwalimu alisema ni kitu tusichojua idadi yake. Basi nikaifanya kapu la mahindi lililofunikwa, kama yale mama aliyokuwa akiwapelekea shangazi zangu. Hujui ndani mna mahindi mangapi na si adabu kufunua. Ukipeleka nyumba tatu, na kila nyumba ikapata kapu moja lililofunikwa pamoja na mahindi manne ya juu, umetoa makapu matatu na mahindi kumi na mawili. Anayesema makapu matatu na mahindi manne, huyo amewapa nyumba ya kwanza na kuwanyima wengine mahindi ya juu, na kwetu jambo hilo lingezungumzwa mpaka mwaka unaofuata. Sikuelewa kwa nini wavulana walikuwa wanapigwa kwa jambo ambalo mama yeyote wa Iyula asingelikosea.

Kilichowamaliza kabisa kilikuwa mabano yaliyotanguliwa na kutoa. Kumi, toa mbili, fungua mabano, eksi toa tatu, funga mabano. Kwa wiki kadhaa darasa zima lilikwama hapo. Mimi niliiwaza nikiwa napiga pindo. Nina mahindi kumi, natakiwa kutoa makapu mawili, lakini kila kapu limepungukiwa mahindi matatu. Basi sitatoa makapu mawili kamili. Nikiyahesabu kuwa kamili nimetoa kupita kiasi, na yale mahindi sita niliyozidisha lazima yarudi nyumbani. Kumi na sita, toa makapu mawili.

Siku moja mwalimu aliirudia hesabu hiyo hiyo, na hakuna aliyejibu. Akauliza tena, akangoja. Upande wetu wote tulikuwa tumesimamisha sindano tukisubiri fimbo. Sijui nini kilinipata. Nilikuwa na uzi mdomoni, nikautoa, nikasema kwa sauti ya kawaida kama mtu anayejibu hodi, "Kumi na sita, toa eksi mbili."

Mke wa mwinjilisti alinitazama kana kwamba nimetukana kanisani. Kisha sauti ya mwalimu ilitoka upande wa pili, safari hii taratibu. Ilisema: mbili, fungua mabano, eksi jumlisha tatu, funga mabano, jumlisha nne, fungua mabano, eksi jumlisha moja, funga mabano. Nilikusanya makapu upande mmoja na mahindi upande mwingine, nikajibu eksi sita jumlisha kumi. Baada ya hapo tukasikia viatu vyake vikizunguka nje, na kichwa chake kikatokea mlangoni petu.

"Nani amesema?" aliuliza.

Wenzangu hawakunionyesha kwa kidole. Waliinama tu wote kushona kwa bidii isiyo ya kawaida, nami nikabaki peke yangu nikiwa nimeinua kichwa, ikawa ni jibu.

Hakunikemea. Jioni alikwenda kwa Mchungaji kuomba nihamie upande wa aljebra. Mchungaji hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa utaratibu, na utaratibu ulisema jambo jipya lazima lipite kwenye kamati. Akaita kikao, akaagiza na baba yangu aje, na kwamba nipimwe mbele ya wote, nikilinganishwa na mvulana mmoja wa darasa lile ili pasiwe na upendeleo.

Baba alikuwa mkulima wa kahawa na mahindi, mtu wa maneno machache. Alikuja amevaa koti lake la kanisani siku ambayo haikuwa Jumapili, akaketi nyuma. Mbele walikaa Mchungaji, wazee wa kanisa, na mjumbe wa Mwene, yaani wa chifu wetu. Mimi na yule mvulana tulisimamishwa kando ya ubao. Mwalimu alikuwa amefurahi mno. Alishika chaki akaandika hesabu ile ile niliyoijibu kupitia ukutani, kwa mwandiko mzuri wa chuo cha ualimu, akanipa chaki.

Nilitazama ubao, sikuona kitu ninachokijua. Ilikuwepo kumi, nikaitambua. Ilikuwepo alama ya kutoa, na mbili. Baada ya hapo palikuwa na mistari miwili iliyopinda, inatazamana kama miezi michanga, haifanani na koleo la babu hata kidogo. Na ndani ya miezi hiyo palikuwa na alama ya kuzidisha peke yake, isiyo na namba kushoto kwake, ikifuatwa na toa tatu. Nilisoma tena na tena kadiri nilivyoweza. Mwishowe nikaona bora niulize kuliko kusimama.

"Mwalimu," nilisema, "hii kuzidisha inazidisha nini? Kuna namba imefutika?"

Wazee walicheka, si kwa ubaya, walicheka kama watu waliopata walichokuja kukipata. Mzee mmoja wa kanisa alimwambia mwenzake kwa Kinyiha kwamba mtoto wa kike ameulizwa aljebra akaanza kutafuta sindano iliyopotea. Baba aliangalia kofia yake. Mwalimu alinikodolea macho, na nikaona usoni mwake kitu kikifika polepole. Alielewa kwamba tangu nizaliwe sijawahi kuona eksi. Akaniambia niupe ubao kisogo. Nikageuka. Akaisoma hesabu kwa sauti yake ya darasani, pamoja na fungua na funga. Nikajibu kabla hajamaliza kushusha mkono.

Sasa wazee hawakucheka. Mchungaji alimwita mvulana naye ajibu. Mvulana alijibu kwa kujiamini: nne, toa eksi mbili. Alikuwa amezidisha vizuri, alikuwa amemfikia kila aliye ndani, ila ile kutoa ya ndani hakuigeuza. Kamati ikawa na majibu mawili mbele yake, kumi na sita na nne, na ndipo ilipobainika kwamba kati ya wote waliokuja kunipima hakuna aliyejua lipi ni sahihi.

Mwalimu alisema ni la msichana. Mjumbe wa Mwene, ambaye alizoea mabaraza, alipinga papo hapo. Alisema mwalimu ndiye mwenye shauri, na mwenye shauri hawezi kuwa shahidi wala hakimu. Mchungaji alikubali kwamba hilo ni kweli.

Basi mwalimu akajaribu kuwaonyesha. Aliwaomba wachukulie kuwa eksi ni tano. Akafanya hesabu ya ubaoni hatua kwa hatua, ikatoka sita. Akafanya jibu langu, kumi na sita toa kumi, ikatoka sita. Akafanya jibu la mvulana, nne toa kumi, akasema mnaona haifiki popote. Mimi niliona. Nadhani kila mtu aliona. Lakini mzee wa kanisa aliyekuwa amecheka alisimama.

"Mwalimu, umekuja hapa ukatuambia eksi ni kitu kisichojulikana. Sasa unatuambia ni tano. Kesho utatuambia ni ngapi?"

Mwalimu alijua jibu, ila lilikuwa refu kuliko subira ya kikao. Mchungaji, akiona jua linapungua na watu wana safari, akasema njia ya haki ni moja. Wanaoona jibu ni nne wanyooshe mikono, na wanaoona ni kumi na sita wanyooshe mikono.

Nimeishi miaka mingi tangu siku ile, nimeona kura za kila namna, za vyama na za ushirika na za kwaya. Sijaona nyingine ambamo watu wazima waliamua kwa kunyoosha mikono jibu la toa mbili mara toa tatu. Nne ilishinda. Kumi na sita ilipata mkono wa mwalimu peke yake, na Mchungaji akamwambia kwa upole aushushe kwa kuwa yeye si mjumbe. Baba hakunyoosha popote. Alipoulizwa, alisema hawezi kupigia kura kitu asichokijua, na Mchungaji akaandika kwamba mzazi hana pingamizi.

Kamati ilipitisha mambo mawili. La kwanza, wasichana waendelee na kushona. La pili lilitoka kwa mjumbe wa Mwene, na likaungwa mkono na wote. Kwa kuwa imedhihirika kwamba aljebra inamwagika upande wa wasichana na kuwasumbua katika kazi yao, ukuta upandishwe hadi paani.

Tuliondoka na baba, yeye akitangulia kwa hatua ndefu. Tulipita mashamba ya kahawa ya misheni, tukashuka bondeni, tukavuka kijito. Nilidhani amekasirika, nikawa natembea nyuma yake nikiangalia visigino vyake. Tulipoanza kupanda upande wa pili alisimama, akajifanya anarekebisha koti.

"Mwalimu alipoweka tano, hesabu yake na jibu lako vilitoka sawa," alisema. "Angeweka saba?"

Niliwaza kidogo. Saba toa tatu ni nne, mara mbili nane, kumi toa nane ni mbili. Na kumi na sita toa kumi na nne ni mbili. "Sawa tena, baba."

"Na nane?"

"Nane hakuna kinachobaki. Huku sifuri na huku sifuri."

Aliitikia kwa kichwa taratibu, kama alivyokuwa akifanya akishika kahawa iliyokauka vizuri. Kisha akaanza kupanda tena. "Basi ulikuwa sahihi," alisema akiwa amenipa kisogo. "Lakini usimwambie mtu. Wamekwisha kupiga kura."

Sikulia kule shuleni, nililia hapo kwenye mlima, na nilikuwa nacheka pia. Baba hakugeuka mpaka nilipomaliza. Jioni mama aliuliza kikao kilikwendaje, naye akamjibu kwamba watoto wengine wamepewa masikio makubwa kuliko ukuta. Mama hakuelewa, akaendelea kupepeta.

Matofali yalifyatuliwa na wavulana wenyewe, katika muda wa aljebra, kwa kuwa muda mwingine haukupatikana. Kwa majuma yale yote darasa lile halikufungua bano hata moja. Hakika aljebra ilikoma kumwagika, maana haikuwepo upande wowote. Wavulana walikanyaga udongo wakiimba, na yule aliyeshinda kwa kura alikuwa na matope mpaka magotini. Alinikuta kisimani akaniomba, kwa aibu, nimweleze ile sita ilitoka wapi. Nilimweleza kwa makapu. Alisikiliza, akasema, "Kumbe dada ni hivyo tu," akachota maji akaenda zake. Sikuwahi kumchukia.

Ukuta ulikamilika, ukagusa paa, Mchungaji akaja kuuombea. Siku iliyofuata ndipo ikaonekana kwamba madirisha makubwa ya jengo lile yalikuwa upande wetu wa kushona, na kwamba darasa la wavulana lilikuwa likipata mwanga wake kwa kupitia juu ya ukuta. Sasa hawakuona ubao. Mwalimu alikwenda kwa Mchungaji, akaambiwa kamati haikai tena mpaka baada ya mavuno. Basi akabeba ubao, akauegemeza nje kwenye ukuta wa mbele, akawakalisha wavulana uani.

Upande wetu nao, ukuta mpya ulikuwa haujakauka, chumba kikawa na unyevu, vitambaa vyeupe vikaanza kuota madoa. Mke wa mwinjilisti hakuvumilia madoa. Alituamuru tutoe viti, tukashonee barazani penye jua. Baraza lilikuwa hatua chache kutoka kwenye ubao.

Sijui kama aliyafikiria hayo au ni madoa tu. Nilipomtazama alikuwa ametunga uzi kwenye sindano, na safari hii hakuniambia lolote kuhusu masikio. Mwalimu naye hakututazama. Ila aliandika kwa herufi kubwa kuliko zamani, na kila alipoandika alitamka, akigusa kwa chaki alichokitamka. Hii ni eksi. Hili linafungua, hili linafunga. Wavulana, ambao walikwisha kuyajua hayo, walishangaa kwa nini anarudi nyuma. Nami, nikiwa na kitambaa magotini, niliona kwa mara ya kwanza vitu nilivyokuwa nikivihesabu kwa muda wote ule. Vilikuwa vidogo na vikavu, na nilijisikia kama mtu aliyezoea kuongea na jirani ng'ambo ya ua, kisha akakutana naye njiani akaona ni mfupi. Nilizoea. Kabla mvua hazijatuingiza ndani nilikuwa nasoma ubao kama kitabu cha nyimbo.

Mwaka uliofuata serikali ilileta mtihani mmoja kwa shule zote za kati, wavulana kwa wasichana, na hakuna aliyekuja kuuliza kamati. Sehemu ya aljebra ilikuwemo. Mke wa mwinjilisti ndiye aliyenipa kalamu, yangu ilikuwa imevunjika ncha. Nilifaulu, nikachaguliwa kwenda kusomea ualimu. Mwalimu wangu hakuwepo kusikia, maana alikuwa amehamishiwa shule nyingine huko kwao Ileje, na habari nilimpelekea kwa mdomo wa mfanyabiashara wa viazi aliyekuwa akipita njia hiyo. Alinirudishia jibu kwa mdomo huo huo. Aliniambia nikifungua mabano nisimwache wa pili.

Jumapili kabla sijasafiri, Mchungaji alinisimamisha kanisani. Alisema kufaulu kwangu ni tunda la juhudi za kamati ya shule, ambayo tangu mwanzo ilijali elimu ya mtoto wa kike kiasi cha kutumia nguvu na matofali kujenga ukuta, ili wasichana wapate utulivu wa kusoma. Waumini waliitika amina. Mzee wa kanisa aliyemuuliza mwalimu habari za kesho aliitika kwa sauti kuliko wote, na alipotoka alinishika mkono akanibariki akitokwa na machozi, na yalikuwa ya kweli.

Baba alinisindikiza hadi Mlowo kungoja lori. Tulikaa juu ya sanduku langu kando ya barabara mpaka vumbi likatubadilisha rangi. Aliniuliza huko chuoni watanifundisha nini, nikamwambia sijui, labda hesabu, labda kushona.

"Vyote," alisema, akasimama kulipungia mkono lori lililokuwa linakuja.